Mbuzi wa Mahari Ndani ya Kaseti

Butembo, Jumamosi 22 Septemba 2001

Mvua imeanza kwa kishindo na barabara yetu ya Bulengera imegeuka uji. Asubuhi nilipiga picha za harusi, alasiri matanga, kwa viatu vilevile. Kwenye harusi nilikanyaga gauni la bibi harusi. Kwenye matanga mzee mmoja alinikemea eti natabasamu. Sikuwa natabasamu. Ndivyo uso wangu unavyokuwa nikifumba jicho moja ili nitazame kwa jingine.

Nimeamua kuandika humu mpaka mvua za msimu huu ziishe, maana vita vinakula kumbukumbu za watu na mimi nina kichwa cha kusahau. Nimeshapiga filamu za ubatizo, mazishi, jubilei ya masista, mpira, vyoo bora, magonjwa ya mihogo, na ya ng'ombe mmoja ambaye mfugaji wake aliogopa ataibiwa akataka ushahidi wa sura yake. Nikiulizwa kazi yangu najibu kwa Kifaransa, cinéaste, yaani mtengeneza filamu, na kidevu juu. Mama yangu, Anne-Marie, akiulizwa anasema, "Rébecca anakamataka sura ya batu." Nadhani mama anajibu vizuri zaidi.

Ila filamu yangu mwenyewe, ambayo hakuna aliyeniagiza, sijapiga hata moja. Msimu huu nitaipiga. Bado sijui itahusu nini.

24 Septemba

Mvua. Ubatizo wa mapacha. Mmoja alilala, mwingine alilia kwa niaba ya wote wawili.

30 Septemba

Mdogo wangu Lusenge, anayeuza vipuri vya baiskeli sokoni, hali chakula. Amemchumbia Séphora wa Mulekera, kule Beni, na siku ya kupeleka mahari imekaribia. Kwetu mahari ni mbuzi, na kila mbuzi ana mwenyewe: mbuzi wa shangazi, mbuzi wa mjomba, mbuzi wa bibi aliyemlea. Séphora hana baba. Amelelewa na baba yake mkubwa, Siméon, inspekta wa shule aliyestaafu, na ndiye mwenye neno la mwisho. Nimemwona mara moja tu. Alinisahihisha Kifaransa changu kabla sijakaa.

6 Oktoba

Mbuzi wameondoka leo alfajiri juu ya lori la Kasimu. Kasimu ni Mwislamu wa Beni, msafirishaji, mtu wa maneno mengi na breki chache. Lusenge alipanda juu kukaa nao. Mama aliwabariki mbuzi na lori pia.

8 Oktoba

Nacheka nikiandika, ingawa hapa nyumbani hakuna anayecheka.

Kati ya hapa na Beni kuna vizuizi vya askari, na siku hizi kila kundi la askari lina chake. Kwenye cha kwanza walitaka mbuzi mmoja wa chakula cha mchana. Kwenye cha pili walikuwa wameshasikia harufu ya nyama ya cha kwanza. Lusenge aliomba, alilia, alionyesha picha ya Séphora. Askari mmoja akamwambia kwamba ni mzuri sana, kisha akachukua mbuzi wawili. Lusenge akaingia Mulekera na mbuzi mmoja tu, tena anachechemea.

"Kijana," Siméon alimwambia, "mkono mutupu haulambwe."

"Baba, hauko mutupu. Mbuzi moja iko."

"Ile ni mbuzi? Ile ni mugonjwa. Muipeleke hospitali."

Kisha akaweka sharti. Mbuzi wote wapokelewe kabla ya mwisho wa Novemba, kwa sababu Majilio yakianza parokia haifungishi ndoa. Baada ya Noeli, Séphora atapelekwa kwa dada yake Kampala, kwenye usalama. Na akishavuka mpaka, nani atamrudisha? Lusenge aliuliza swali hilo mezani usiku.

14 Oktoba

Ukoo umekusanya mbuzi wengine. Sikutegemea. Shangazi zangu, ambao hawakubaliani hata juu ya chumvi ya maharagwe, wote walifika na kamba mkononi. Sasa mbuzi wako nyuma ya nyumba, wanakula vitunguu vya mama, na hakuna mwenye ujasiri wa kuwapakia kwenye gari.

15 Oktoba

Mvua. Mbuzi wamekula soksi yangu.

21 Oktoba

Wazo limenijia kanisani, Mungu anisamehe, wakati wa mahubiri.

Mwaka jana shirika fulani liliniagiza nipige picha za vyoo walivyojenga vijijini, kwa sababu mzungu wao hakuweza kufika huko kutokana na vita. Alikaa ofisini, akatazama kaseti, akasema vyoo vimepokelewa. Hakuchungulia hata shimo moja. Kama choo kinaweza kupokelewa kwa kaseti, mbuzi ana kosa gani?

Askari wanakula mbuzi. Kaseti hawali.

Nilimweleza mama tukitoka misa. Tulipofika nyumbani akavua kitambaa cha kichwa, akakubali kwa sharti moja, "Bon. Mais uwaogeshe kwanza."

25 Oktoba

Siku nzuri ya kazi kuliko zote za mwaka huu. Mvua ilipumzika na mwanga ukawa laini. Nilipiga mbuzi mmoja mmoja, kwa karibu, kwa mbali, kwa chini nikilala kwenye matope. Kuna beberu mmoja wa sikio lililochanika, kifua mbele, anatazama kamera kama anaidai heshima. Tumemwita Kanali. Kuna jike mweupe mwenye mimba, mpole, anaitwa Masista. Lusenge alikuwa akiwashika na kucheka, mara ya kwanza tangu aliporudi kutoka Beni.

Nitaunganisha picha kwa deki zangu mbili, nitaweka na muziki. Siméon ni mtu wa shule, atajua kazi safi akiiona.

29 Oktoba

Kazi ya kuunganisha imekwisha. Filamu inaanza na uso wa Kanali na inaisha na uso wa Kanali. Nimejipenda mwenyewe.

3 Novemba

Beni. Naandika nyumbani kwa Kasimu, ambaye mke wake Sikitu amenipa chai na hakuniuliza kitu. Ndiyo adabu niliyoihitaji.

Lakini nianze mwanzo, nilivyokuja na kaseti kwa lori la Kasimu, Lusenge akabaki kulinda mbuzi. Kwenye kizuizi kimoja askari mmoja mkubwa, mwenye kovu kidevuni, aliona kamera akanishusha. Nikajikaza kisabuni. Nilidhani kamera imekwenda.

"Yo, mama, hii machine inaweza kubeba sauti?"

"Inaweza."

"Donc unifilme. Mama yangu iko Isiro. Miaka ine hajaniona. Anafikiri nilishakufa."

Akavua kofia, akapangusa uso, akasimama wima kando ya barabara. Akasema, "Mama, ni mimi Jacob. Niko. Ninakula muzuri." Hapo akageuka kutazama mlima wa Ruwenzori ingawa ulikuwa umefunikwa na mawingu. Kasimu akaahidi kuituma kaseti kwa dereva mwenzake anayekwenda upande huo. Ninaamini Jacob huyu amekula angalau mbuzi wetu mmoja, na bado nilimhurumia.

Mulekera walikuwa wametusubiri. Sebule ya Siméon ilijaa: shangazi, mjomba, bibi, majirani, na Séphora mlangoni ameshika ncha ya kitenge chake. Jenereta ilinguruma nje. Siméon alikaa mbele ya televisheni na kalamu nyekundu. Nilidhani ni mazoea ya zamani.

Filamu ilianza. Walipomwona Kanali, wote walivuta pumzi. Bibi mmoja alisema ana kifua cha chifu. Wanawake walipiga vigelegele mbuzi mmoja baada ya mwingine, na mimi nyuma yao nilivimba kwa furaha. Kisha ikaja picha yangu ya mwisho, ile niliyojipenda nayo, uso wa Kanali ukijaa televisheni nzima.

"Musimamishe," Siméon alisema.

Nikasimamisha.

"Ile mbuzi ilishapita."

"Ndiyo, baba. Ni ileile. Nimeirudisha juu ya uzuri."

"Umeirudisha." Akageukia watu. "Mumesikia? Anarudisha mbuzi. Na ile nyeupe nimeiona kwenye majani, tena nimeiona kwenye mulango. Ni nyeupe mbili ao ni moja?"

"Ni moja, baba. Hii ni montage. Tunakata picha, tunapanga..."

"Madame Rébecca, nilitembelea mashule miaka makumi tatu. Mutoto mwenye kukopia, ninamujua hata akiandika vizuri. Hasa akiandika vizuri."

Nilieleza. Kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyozidi kufanana na mwizi. Niliwaonyesha kwamba picha inaweza kukatwa, na wao wakaelewa kwamba picha inaweza kudanganya. Mjomba akauliza kama hata huyo Lusenge wa kwenye filamu ni wa kweli. Shangazi mtu akasema mwenye kuongeza mbuzi kwenye mahari ataongeza na maji kwenye maziwa ya mtoto.

Siméon hakupaza sauti. Aliandika kitu kwenye karatasi, akanipa: 4/10. "Ine ni ya picha muzuri," alisema. "Na jambo ingine. Kwetu mutu anapokea mbuzi kwa kushika kamba. Ulishaona mutu anashika kamba ya televisheni?"

Séphora hakuwa mlangoni tena.

6 Novemba

Nimerudi Butembo. Njiani Kasimu alijaribu kunichekesha, akasema amebeba saruji, makaa na maaskofu, lakini hajawahi kubeba mtu aliyefukuzwa na mbuzi wa kuchorwa. Nilicheka halafu nikalia, na yeye akaacha kusema, jambo ambalo halijatokea tangu anunue lori.

Lusenge amesikia yote. Hasemi nami. Nina aibu mpaka kwenye kucha. Nilitaka watu waone kazi yangu, wakati walitakiwa kuona mbuzi.

7 Novemba

Mvua. Lusenge anakula chakula chake zizini, na mbuzi.

8 Novemba

Mama amenikuta natazama kaseti ile tena. Akakaa kando yangu, mikono ina unga.

"Juu ya nini unakata?"

"Ili ipendeze, mama."

"Harusi ya batu unakata?"

"Nakata."

"Misa?"

"Nakata mahubiri."

"Mahubiri ni sawa," alisema. "Mais mbuzi, uache ipite. Moja, ingine, ingine. Kama kwenye mulango jioni. Nani alishaona mbuzi inaingia zizi mara mbili?"

Nilikaa macho nikiwaza mlango huo. Picha moja tu, kamera isizimwe tangu wa kwanza mpaka wa mwisho. Ni kitu ambacho sijawahi kujaribu, kwa sababu anayekata anaficha makosa yake, na asiyekata hana pa kujificha.

Na kuhusu kamba, nimepata jibu. Kamba hazina nyama.

10 Novemba

Tumepiga leo. Naandika nikiwa bado na matope vidoleni, kwa hiyo mwandiko huu ni wa kuku.

Kamera niliiweka mbele ya mlango wa zizi. Mama angesimama mlangoni na kutaja kila mbuzi ni wa nani, mbuzi apite, mama amvue kamba na kuifunga kitambaa cha rangi yake: chekundu cha shangazi, cha kijani cha mjomba, na kadhalika. Kamba zingekwenda Beni, mbuzi wangebaki hapa chini ya ulinzi wetu, kama watu wa kwetu wanavyoachiana mifugo ya kufuga tangu zamani. Betri ilikuwa na chaji ya saa moja hivi, na umeme hapa ni hadithi.

Wa kwanza walipita vizuri. Kanali alipita mara moja tu, asante Mungu, ingawa alisimama katikati atazamwe. Kisha mvua ikaanza. Nikasema moyoni, imekwisha, siwezi kuzima. Hapo nikasikia matone hayanipigi tena. Lusenge alikuwa nyuma yangu ameshika mwavuli juu ya kamera, mwenyewe yuko nje ya mwavuli, analoa. Ugomvi wetu umeishia hapo.

Akabaki Masista, yule mweupe. Akafika mlangoni, akalala. Mama akamvuta, akakataa. Kumbe wakati wake umefika.

"Tungoje?" Lusenge alinong'ona.

"Tungoje."

Tukangoja. Taa nyekundu ya betri ikaanza kupepesa. Mama akapiga magoti kwenye matope na gauni lake la Jumapili, akisema na mbuzi kwa Kinande taratibu, maneno yaleyale aliyokuwa akituambia tukiwa na homa. Mvua ilipiga mwavuli. Miguu miwili midogo ikatoka, kisha kichwa, kisha kitu kizima, kimeloa, kinatikisa masikio. Mama akakipangusa na kitenge, akatazama kamera, ambayo nilikuwa nimemkataza asiitazame, akasema, "Na hii? Hii ni ya nani?"

Kamera ikazimika yenyewe.

13 Novemba

Jubilei ya padri. Nilipiga mahubiri yote bila kukata. Watu wamelalamika.

16 Novemba

Beni tena, pamoja na Lusenge. Jacob alikuwa kwenye kizuizi chake. Akafungua gunia langu, akatoa kamba moja, ya pili, ya tatu, akachungulia chini kabisa.

"Kamba! Na mbuzi iko wapi?"

"Iko kwenye kaseti."

Akacheka mpaka bunduki ikamteleza begani. Akaita wenzake wanisikie nikirudia. Hawakuchukua hata kamba moja. Jacob aliuliza tu kama Isiro wamejibu, nikamwambia bado.

Safari hii sebuleni sikukaa nyuma. Niliweka betri mpya, nikasimama kando ya televisheni na kuwapiga picha wao. Kila mbuzi alipopita na mama akataja ni wa nani, Lusenge alitoa kamba yenye rangi ile na kumpa mhusika mkononi, kwa mikono miwili. Shangazi alipopokea yake aliivuta kidogo, bila kufikiri, kama vile upande wa pili kuna shingo. Mjomba akafanya hivyohivyo. Bibi aliizungusha yake kiganjani bila kuiachia.

Siméon alihesabu kwa midomo. Kanali alipopita alinyoosha kidole, akangoja arudi. Kanali hakurudi. Ilipofika kwa Masista, jirani mmoja akaomba nisogeze mbele. Siméon akasema, "Uache." Wakatazama yote. Wanawake walimsukuma mbuzi kwa sauti zao, "Kaza, mama, kaza," mtu wa Beni akimtia moyo mbuzi wa Butembo aliyezaa wiki iliyopita. Kitoto kilipotoka, sebule nzima ilipumua mara moja, na katika kioo cha kamera yangu nikaona Siméon ameondoa miwani anaipangusa na tai yake.

Hapo nikajua filamu yangu mwenyewe inahusu nini. Ilikuwa mbele yangu: watazamaji hawa wenyewe, wamevaa vitenge na kushika kamba.

Siméon akasimama. Kwanza akamwambia Lusenge, "Mahari imepokelewa." Sikusikia mengine kwa vigelegele. Séphora alikimbilia jikoni kulia, akarudi na kasiksi, pombe yetu ya ndizi, akamwagia Lusenge nusu ya kikombe miguuni.

Baadaye mzee akanipa karatasi yake: 9/10.

"Baba, na ile moja imepotelea wapi?"

"Mama yako aliuliza swali kwenye mwisho," alisema. "Hakuna mwenye alijibu. Hii mutoto hana kamba."

24 Novemba

Wamefunga ndoa, Beni, mvua ikinyesha kwa baraka. Mama alinizuia kupiga picha, akasema leo mimi ni dada wa bwana harusi. Mpiga picha wa huko amekata vichwa vya watu wote isipokuwa cha Kasimu, ambaye alikuwa amesimama juu ya kiti. Nimecheza mpaka kisigino cha kiatu kimekatika.

2 Desemba

Majilio. Mama amewasha mshumaa wa kwanza. Mvua imepungua. Familia mbili zimegonga mlango zikiuliza kama napiga mbuzi.

9 Desemba

Jibu la Isiro limefika kwa mdomo, dereva kwa dereva. Mama yake Jacob ameiona kaseti kwa jirani. Amesema mwanawe amekonda. Kasimu amempelekea ujumbe huo kizuizini, na anasema Jacob alitembea huku na huko siku nzima akiwaambia watu kwamba amekonda.

15 Desemba

Jua tangu asubuhi. Barabara imetulia wiki hii, na saa sita lori la Kasimu lilisimama mbele ya nyumba. Wakashuka Lusenge, Séphora, na Siméon amevaa koti na tai, ana gunia la kamba begani. Amekuja kuona mali yake.

Nikawasha kamera kabla hajavuka mlango.

Mama alitaka kumwelekeza yupi ni yupi. Akakataa kwa mkono. Séphora akaninong'oneza kwamba baba mkubwa amekuwa akiazima televisheni ya jirani kila Jumapili, na kaseti imeanza kuchakaa. Mzee akaingia zizini na viatu vyake vya kung'aa, akatoa kamba ya kwanza, akatembea moja kwa moja mpaka kwa mbuzi wa shangazi, akamfunga. Ya pili, mbuzi wa mjomba. Hakuuliza, hakukosea. "Kanali, bonjour," alisema, na Kanali akaleta sikio lake lililochanika, likakunwa. Mimi nilimchukia mtu huyu mwezi mzima, na leo nasema wazi: hakuna aliyewahi kutazama kazi yangu kama yeye.

Mwisho akafika kwa Masista, akamfunga, akabaki ameinama. Kitoto kilikuwa kinamrukia miguuni. Akaingiza mkono kwenye mfuko wa koti, akatoa kamba ndogo mpya, nyembamba, aliyoisokota mwenyewe. Akaifunga shingoni mwa kitoto. Kisha akaja nayo mpaka mbele ya kamera na kuninyooshea ncha.

"Mbuzi ya shangazi, mbuzi ya mujomba," alisema. "Na hii, mbuzi ya kamera. Ushike."

Kamera yangu inataka mikono miwili. Nikaachia mmoja, nikapokea kamba, na kitoto kikavuta.

"Sasa ni dix," alisema Siméon. "Kumi juu ya kumi."

Hapo mwishoni mwa filamu picha inatikisika vibaya: zizi, anga, viatu vya inspekta, anga tena. Nimeitazama jioni hii mara tatu. Sitaikata.